Saladi Niliyowapa Watu wa Kipushi

Adela, mama,

Shangazi yako Véro amekwisha kukupa maagizo yote: maji ya kuchemsha, chandarua, usipange nyumba yenye mlango mmoja, usiazime sufuria kwa mtu usiyejua mama yake anaitwa nani. Amesema siku tatu bila kupumzika, nami nimekaa kando nikitikisa kichwa kama mwanakwaya asiyejua wimbo. Hakunibakizia kitu. Kwa hiyo sitakufundisha namna ya kuishi Kasomeno uendako. Mimi huko nilipita tu, zamani, nikiwa nimekaa juu ya mifuko ya samaki wakavu, na nilichokiona ni vumbi.

Nakuandikia sasa, saa kumi ya mchana, kwa sababu umekwenda Kasapa kumuaga huyo shangazi na najua hatakuachia mpaka jua liiname. Sanduku lako liko karibu na mlango, umelifunga kwa kamba ya bluu. Kila nikipita nalizunguka kwa mbali, kama limenifanyia jambo.

Ningeweza kukuambia kwa mdomo. Nimejaribu mara nne. Juzi nilikuita, ukaja, ukasimama mbele yangu ukasema, "Baba, uliniita?" Nikakuuliza kama makala ya jiko yamebaki. Gunia lilikuwa limejaa, nami nilikuwa nimeliegemea. Ulilitazama gunia, ukanitazama mimi, ukarudi kukunja nguo zako. Adabu yako ndiyo inayonishinda. Mtu akikufokea, unapata mahali pa kuingilia.

Basi nianze mahali ninapopajua, jikoni.

Unajua kwamba upishi sikuusomea. Niliingia ile nyumba ya wageni kuosha vyombo, na mwosha vyombo anaona jambo ambalo mpishi halioni: sahani inarudi namna gani. Wageni walikuwa wanamsifu mpishi wetu mpaka uso wake unang'aa, na mimi huku nyuma nilikuwa nakuta nyama imefichwa chini ya majani ya saladi, kama mtoto anavyoficha dawa chini ya ulimi. Nikajifunza hivyo. Maneno ya mezani ni heshima tu, ukweli unabaki ndani ya sahani. Nimekula kwa elimu hiyo maisha yangu yote, na nikajiona mtu asiyedanganywa. Sikufikiri kwamba anayejua kusoma sahani anaweza pia kuandika kwa sahani.

Saladi ya kuku na matunda niliipika mara ya kwanza siku mpishi alipougua. Mama mwenye nyumba alitaka chakula cha baridi kwa wageni kumi na wawili. Nikachemsha kuku, nikakata nanasi, nikavichanganya tangu asubuhi ili vizoeane, kama tunavyofanya na maharage. Sikujua kwamba nanasi bichi linakula nyama. Lilikula mchana kutwa, kimya, bila moto. Jioni ile nyama ilikuwa kama kitu ambacho mtu mwingine alishakitafuna akakirudisha. Mama mwenye nyumba alionja kijiko kimoja, akakiweka chini.

"Huyu kuku," akasema, "alikufa mara ngapi?"

Tangu siku hiyo nanasi naliweka mwisho kabisa, wageni wakiwa wamekwisha kunawa. Mengine unayajua kunipita. Kuku anachemka polepole na kitunguu na tangawizi kidogo, na anapoa ndani ya supu yake mwenyewe, la sivyo anakuwa mkavu kama kitambaa. Anachanwa kwa vidole, kufuata nyama inavyolala, kisu hapana. Embe liwe lile ambalo bado linakataa kidole gumba. Papai dogo, ndimu juu yake lisilegee. Mayonezi ya kupiga kwa mkono, nayo iwe kidogo, maana ikizidi ni kama mjomba aliyekuja harusini kulala wiki. Karanga zilizokaangwa na kutwangwa nusu nusu. Pilipili moja bila mbegu. Maembe ulianza kuyakata wewe, ulipokuwa na miaka kumi na miwili, na tangu hapo sikuyagusa tena, kwa sababu vipande vyako vilikuwa sawasawa kuliko vyangu.

Sasa ni miaka miwili hujaila. Msimu uliopita maembe yalijaa sokoni mpaka yakaoza kwenye mifuko, na wewe ulikuwa unapita katikati yake ukitazama mbele. Nilikuwa nyuma yako na kikapu. Niliona.

Tufike kwenye siku ile.

Watu wa Didier walikuwa wanakuja kutoka Kipushi kula kwetu mara ya kwanza. Unajua sasa desturi, lakini wakati ule hukujua, na barua hii yote inasimama juu ya neno hilo. Watu wa mchumba wakija kula, kuku analetwa mzima. Anakatwa, ndiyo, lakini vipande vyote viko: mabawa, mapaja, mgongo, shingo, miguu, na firigisi imewekwa juu, upande wa mzee wao. Mzee anatazama kwanza, halafu ndipo anakula. Akikuta vyote viko, anajua nyumba haina siri. Akikosa firigisi, haulizi. Anakula, anashukuru, anarudi kwake, na mtoto wa watu anabaki kwa baba yake. Ndivyo wazee walivyompa baba wa binti njia ya kukataa bila mtu kutukanwa.

Mama yako alijua hayo. Angekufundisha, lakini alikufa ukiwa na miaka kumi na mitatu, na yale ambayo mama humwambia binti akikua alikwenda nayo. Nyumba hii ikabaki na mtu mmoja anayejua. Mimi.

Asubuhi uliniuliza, "Baba, tutabapikia nini?"

"Ile saladi yetu."

"Saladi? Kwa bazee?"

"Njo mukono wa nyumba yetu. Baone."

Ulicheka. "Basi miye nakata manga."

Ukakaa kwenye kiti kifupi, ukakata maembe, huku unaimba mdomo umefungwa. Mimi nilikuwa nyuma ya nyumba na kuku wawili wakubwa. Niliwanyonyoa, nikawapasua, nikatoa firigisi zote mbili. Nikazifungua, nikazimenya ile ngozi ya njano, nikaziosha kwa maji mawili, vizuri, kama mtu anayekwenda kuzipika. Halafu nikasimama nazo mkononi. Sijui nilisimama muda gani. Nikazirusha juu ya ukuta kwa mbwa wa jirani.

Adela, sikusahau. Anayesahau haoshi kwanza.

Na shangazi yako nilimwambia wageni wanafika saa kumi. Walikuwa wanafika saa saba. Kama angekuwapo angenifukuza jikoni kwa mwiko, na leo ungekuwa na nyumba yako.

Walikuja watano. Baba yake Didier, yule mzee wa mgodi aliyestaafu, aliweka kofia juu ya goti. Nikaleta bakuli. Akageuza na kijiko mara moja, polepole, kama anatafuta funguo.

"Baba Adela. Kuku iko wapi?"

"Njo hii, mzee. Iko ndani."

"Ndani ya nini?"

"Ndani ya matunda."

Akainua kipande cha embe, akakitazama kwenye mwanga wa dirisha. "Kuku yenye haina miguu," akasema. "Ilifika hapa namna gani?"

Mama mmoja aliyekuja naye alicheka kidogo. Na wewe ulicheka, pale mlangoni na jagi la maji, kwa sababu ulifikiri mzee anatania na mambo yanakwenda vizuri. Kicheko hicho bado nakisikia. Didier hakucheka. Alikuwa anamtazama baba yake.

Mzee alikula yote. Sahani yake ilirudi safi kabisa. Mimi, msoma sahani, sijawahi kuona nyingine safi vile iliyosema hapana. Na nikwambie neno baya kuliko yote: ilikuwa saladi nzuri kupita zote nilizopika maishani mwangu. Nanasi lilikuwa na dakika yake kamili.

"Tutarudi," wakasema. Hawakurudi.

Shangazi yako alipofika na kukuta mabakuli, alinipigia kelele mpaka majirani wakatoka: "Kichwa yako iliharibika na mayonezi! Unapikia bageni mupaka unasahau uko muntu wa wapi!" Nikainamisha kichwa. Mtaa mzima ukakubali maelezo hayo, kwamba mpishi wa wageni amepoteza desturi. Ni maelezo mazuri. Yananifanya mjinga, na mjinga husamehewa.

Baada ya wiki tatu Didier alikuja, akasimama nje ya lango. Nilikuwa dirishani. "Baba anasema kwa ile nyumba hapana," akakuambia. "Hasemi juu ya nini." Alikuwa analia waziwazi, bila kujificha, na mimi nilikuwa nimezoea kumuita kijana asiye na nguvu.

Kisha shangazi akakueleza habari ya firigisi. Ukakaa juu ya kitanda. Nilikuwa mlangoni na sikujificha, ila hukuniona. Ukasema, "Basi ni miye. Miye nilikata manga. Nilipashwa kuuliza."

Hapo ndipo palikuwa mahali pangu pa kusema. Nilikuwa na neno tayari mdomoni. Nikasema, "Usilie, mama. Bantu ba Kipushi bako na kiburi."

Siku ya saladi wewe sikukutamkia uongo hata mmoja, nilipika tu. Huu niliutamka. Na nimeuacha ukae juu yako miaka miwili, ukienda nao kazini na kurudi nao, nami nakuuliza kama makala yamebaki.

Utataka kujua kwa nini. Nimetafuta sababu kubwa, ya kufaa kuandikwa kwenye barua. Sikuipata. Ninayo ndogo.

Mama yako alipokufa niliacha kula. Wewe ulikuwa unakaa mbele yangu na nguo ya shule, mikono juu ya meza, huondoki mpaka nimalize. Ulikuwa unasema, "Baba, kula. Bado vijiko vitano." Mtoto wa miaka kumi na mitatu. Nilizoea. Nilizoea vibaya, kama mtu aliyevunjika mguu akapona na bado hataki kuiacha fimbo. Didier alipoanza kuja hapa nilimchunguza nikitafuta kasoro, na nilichokipata ni kwamba anacheka kwa pua. Nikaona unaosha kikombe chake peke yake, mbali na vingine, kama kitu cha kutunzwa. Usiku huo nilitazama meza yetu nikaiona ina sahani moja. Ni hilo tu. Niliogopa sahani.

Kwa hiyo nilikubakiza. Na nikapata nini? Ulikaa humu miaka miwili kama mtu aliye kwenye foleni. Ulipika, ulifua, uliniletea dawa ya macho kutoka hospitalini, hukunijibu vibaya hata siku moja. Halafu hospitalini wakakuambia kuna nafasi za wauguzi hapa mjini na nyingine Kasomeno, njia ya Kasenga, na ukachagua ya mbali. Uliponiambia, ulitabasamu kama wauguzi wanavyotabasamu kabla ya sindano.

Wiki iliyopita ulifikiri nimekwenda kupima macho. Nilikwenda Kipushi.

Nilimkuta mzee mbele ya nyumba yake anafunga mguu wa kiti kwa waya. Amezeeka. Alinisukumia kigoda.

"Mzee, nilikuya kusema kintu."

"Kaa kwanza."

Nikakaa, nikasema yote: firigisi, mbwa, saa niliyompa shangazi. Hakuacha kufunga. Nilipomaliza akakata waya kwa koleo.

"Nilijua," akasema.

"Ulijua nini?"

"Weye uko mupishi. Mupishi anaweza kusahau chumvi. Firigisi hapana. Niliona unakatala kutoa mutoto wako na unasikia haya ya kusema. Nikakula yote, nikaenda. Ulitaka nifanye nini? Nikunyang'anye?"

Nilikuwa nimebeba dhambi yangu kwa siri miaka miwili, na kumbe yule mtu aliisoma siku ileile, akaikunja, akaiweka mfukoni kwa heshima. Hata mwanawe hakumwambia, ili nisiaibike mbele ya mkwe ambaye hakuwa mkwe.

"Na Didier?"

Akatazama barabara. "Didier bantu bengine balishamupa kuku. Kule Kolwezi. Mutoto wake anaanza kutambaa."

Alijaribu kiti kwa mkono, bado kilikuwa kinayumba.

"Ule binti yako anajua?" akauliza.

"Hapana."

"Basi ulikosea nyumba, baba. Muntu wa kuambia ni yeye, hapana miye."

Nilirudi. Hiyo ni siku tisa zilizopita. Unaona namna ninavyokwenda haraka.

Sasa umejua, na habari yenyewe haina faida yoyote kwako isipokuwa moja, nayo nataka uichukue hata kama utaacha vingine vyote humu. Hukukosa kitu. Ulikata maembe, na uliyakata vizuri. Yule mzee hakukukataa. Alikutaka. Aliniuliza kama bado unamimina maji bila kurusha hata tone, maana alikuangalia siku ile. Aliyewakataa wao ni mimi, kwa jina lako, bila kukuuliza.

Sikuombi msamaha. Nimelifikiria sana neno hilo, na naona kwamba kukuomba sasa ni kukuwekea sahani nyingine mbele yako na kukutazama mpaka umalize. Umefanya kazi hiyo ya kutosha.

Kama ningekuwa baba mwenye haki ya kukushauri, ningekuambia mambo mawili. Ukiona mtu anakupa kitu kizuri kupita kiasi, angalia ameondoa nini. Usimwogope kwa ajili hiyo, angalia tu. La pili ni letu sisi wawili. Nimekurithisha ugonjwa wangu wa kusemea vitu pembeni. Umenikasirikia miaka miwili kwa kunipigia pasi mashati. Huko uendako kutakuwa na mtu atakayekuuliza, "Uko na nini?" Mjibu. Hata kama ni mtu wa hovyo, hata kama ni mgonjwa anayesubiri dawa. Mimi nilijifunza kusema nikiwa na miaka sitini na miwili, na wa kwanza kuambiwa alikuwa mtu asiyehusika.

Na lile embe, Adela. Halina kosa hata kidogo. Huko njiani yako mengi, watu wanayapanga chini kwenye ndoo.

Jua limefika kwenye ukuta wa jirani, utakuwa umepanda taksi sasa. Barua hii naiingiza chini ya kamba ya sanduku. Nitakwenda kukaa kwa Baba Ilunga, jirani wa nyuma, mpaka giza liingie, ili uisome bila uso wangu. Kama utataka kupiga kelele, piga. Wakiuliza, waambie ukweli. Sitakuwa mjinga tena mtaani, na hilo si kitu.

Gari linaondoka kabla hakujakucha. Mume wa shangazi atakuja kubeba sanduku, nimekwisha kumwambia, kwa hiyo hutanihitaji kwa mzigo. Nimetoa kufuli kwenye mlango mdogo wa barabarani. Kutoka chumbani kwako unaweza kupita huko bila kuvuka jikoni. Mimi nitakuwa chumbani, nimevaa viatu. Ukigonga, nitakusindikiza mpaka kwenye gari, na hatutalazimika kuongea. Usipogonga, nitasikia mlango ukifungwa, nami sitatoka nje kukufanya ugeuze kichwa.

Baba yako